Sauti ya Pili

Mwalimu hakuwa na kinanda. Hakuwa na gitaa, wala simu ya kumpa ufunguo. Alisimama mbele ya mabenchi, akafumba macho, akavuta nota moja kwa midomo iliyofungwa, taratibu, mpaka kila aliyekuwa akinong'ona akanyamaza. Kisha akaigawa. Akawainamia wenye besi akawapa do ya chini, akawageukia tenori akawapa sol, akawapa alto mi, na soprano akawanyoshea kidole tu, maana wao walikwisha kuipata yao. Chini yetu stendi ya Nyabugogo, Kigali, ilikuwa katika vurugu zake za jioni: honi za mabasi, wapiga debe wakiita Musanze, Rubavu, Huye, Rusumo, pikipiki zikipanda mlima wa Kimisagara kwa gia ndogo. Mvua ilikuwa imepita mchana, na mtaro wa Mpazi ulikuwa ukivuma kwa maji mekundu. Katikati ya hayo yote, watu ishirini na kitu waliisikia nota ya mzee mmoja aliyeivutia puani, wakaingia pamoja.

Waliimba mstari mmoja tu akawasimamisha.

"Alto mmehama," alisema. "Mama yangu, umevutwa tena."

Aliyeambiwa hivyo alikuwa mama wa makamo, bado amefunga kitenge cha kazini. Huuza mboga soko la Kwa Mutangana na alikuja mazoezini moja kwa moja. Akatikisa kichwa kukubali. Mwalimu hakumwambia aongeze sauti. Alifanya jambo ambalo walimu wa kwaya wa zamani wanalijua na wengi wa leo hawalijui: aliwaambia soprano waimbe kwa kunong'ona, alto waimbe kwa sauti ya kawaida. Baadaye soprano wakaongezwa kidogo, halafu kidogo tena, na kila walipoongezwa mwalimu alimtazama yule mama usoni kuona kama bado ameshika njia yake. Alipoyumba, walirudi nyuma. Kwa mstari ule mmoja wa tenzi walitumia muda ambao basi la Musanze lingejaa na kuondoka. Hakuna aliyelalamika. Fundi wa gereji wa Gatsata, kijana mwenye mikono iliyoshika weusi wa oili usiotoka kwa sabuni, alikaa na besi wenzake akisubiri, mdomo umefungwa, akifuatisha kazi ya alto kwa kutikisa mguu.

Ninaandika insha hii kuisifu kazi ile, kazi ya kufundisha watu kuimba sauti ya pili.

Sauti ya kwanza haihitaji mwalimu. Ndiyo wimbo wenyewe; mtoto huishika akiwa mgongoni mwa mama yake. Sauti ya pili ni kazi ya mtu mzima. Anayeiimba lazima asikie kwa makini wimbo wa jirani yake, kwa sababu bila huo hajui asimame wapi, na papo hapo akatae kuufuata. Akiacha kusikiliza, anapotea. Akisikiliza kwa kujisahau, anavutwa. Anatakiwa akae pale pembeni, karibu sana na mwenzake na bado si mahali pamoja naye, mstari baada ya mstari, mpaka Amina. Na hapati sifa. Watu wakitoka ibadani hawaendi nyumbani wakiimba alto.

Nimesikia kwaya nyingi zikijitangaza kuwa zinahubiri upatanisho. Nyimbo zao zina neno amani katika kila ubeti, na sizibezi. Lakini nikiulizwa katika kwaya upatanisho unafanyika wapi, nitasema haufanyiki kwenye maneno. Unafanyika Jumatano jioni, pale mama wa mboga anapofundishwa kusimama kando ya sauti ambayo si yake bila kuizima na bila kumezwa nayo. Ufundi huo kokote duniani ni mzuri. Nchini Rwanda una uzito wa namna nyingine kabisa.

Sikumwuliza mtu yeyote katika mabenchi yale anatoka wapi au watu wake ni akina nani. Katika nchi ile swali hilo haliulizwi tena, na mgeni mwenye adabu analiacha mpakani. Lakini umri wa watu unasema. Ukiona mama wa miaka hamsini na kitu na mzee wa sabini katika safu mbili zinazogusana magoti, unajua wote wawili walikuwa watu wazima au vijana mwaka 1994, mwaka wa mauaji ya kimbari, na unajua kwamba yaliyowapata hayawezi kuwa mamoja. Mahakama za gacaca zilisikiliza karibu kesi milioni mbili kabla ya kufungwa Juni 2012. Waliohukumiwa, waliomaliza vifungo, walioshtaki, walioachwa wajane, wote wanapanda mabasi yale yale pale stendi. Na wengine wanashika kitabu kimoja cha nyimbo, mmoja ukurasa wa kushoto, mwenzake wa kulia.

Kuna jambo zito ambalo anayesifu kwaya za Rwanda hana ruhusa ya kulipita. Pasaka ya mwaka 1994 iliangukia tarehe 3 Aprili. Jumapili ile makanisa yalijaa, na kwaya ziliimba ufufuko kwa sauti nne, Mhutu na Mtutsi safu moja. Alhamisi, tarehe 7, mauaji yakaanza. Kwa siku mia moja majirani waliwaua majirani, na makanisa ya Ntarama na Nyamata yakawa machinjio. Walioua na waliouawa, wengi wao walikuwa wamebatizwa kwa maji mamoja na waliimba kwaya moja. Sauti ya pili haikuwazuia. Waliijua mazoezini, wakaisahau mlangoni mwa kanisa. Kwa sababu hiyo siuiti ufundi huu dawa. Nasema tu kwamba baada ya dawa nyingi kushindwa, huu ulikuwa miongoni mwa vitu vichache vilivyobaki mkononi.

Tena muziki ulikuwa umekwisha kutumika upande wa pili. Simon Bikindi alikuwa mtunzi hodari. Hakuna aliyejua mdundo wa Kinyarwanda aliyembishia. Nyimbo zake redio RTLM ilizipiga na kuzirudia kati ya matangazo ya chuki. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, pale Arusha, ilimhukumu kifungo cha miaka 15 mwezi Desemba 2008, na kilichomtia hatiani hasa ni maneno aliyoyatangaza kwa kipaza sauti akiwa ndani ya gari, mwishoni mwa Juni 1994, kwenye barabara ya kati ya Kivumu na Kayove. Jambo hilo halinitoki akilini. Mtu aliyeujua muziki kwa undani wake wote, mwishowe alipita barabarani na chombo ambacho kazi yake ni kusema tu. Kipaza sauti hakisikii. Hakina haja ya kujua jirani ameshika nota gani.

Upo ukoo mwingine wa nyimbo, na huo unashuka na mto. Mto Nyabugogo, ule unaopita kando ya stendi ukiwa umebeba chupa za plastiki na tope la vilima, unatoka Ziwa Muhazi. Mashariki mwa Muhazi ipo Gahini, na huko miaka ya 1930 uliwaka ule Uamsho ambao bibi na babu zetu wa Bukoba, Ngara, Kabale na Kigezi waliuishi. Daktari Mwingereza, Joe Church, alikuwa amefika hospitali ya Gahini mwaka 1928. Mwaka uliofuata alikutana na Simeoni Nsibambi pale Namirembe, Kampala, wakasoma Biblia na kuomba pamoja kama ndugu. Enzi hizo Mzungu wa misheni na Mwafrika hawakukaa meza moja, sembuse kuungamiana dhambi. Watu wa Uamsho walikaa, wakaungamiana hadharani. Na mtu alipomaliza kuungama, waliinuka wakaimba "Tukutendereza" kwa Kiganda, hata waliokuwa hawajui neno jingine lolote la lugha hiyo. Waliimba bila ala. Kila mtu alitafuta sauti yake pale aliposimama, na wimbo ule ulivuka mipaka kuliko msafara wowote wa wahubiri. Ni miaka hiyo hiyo ya 1930 ambapo utawala wa Kibelgiji ulikuwa ukiwapa Wanyarwanda vitambulisho vilivyoandikwa Mhutu, Mtutsi au Mtwa. Karatasi iligawa, wimbo ulikusanya. Na iliyodumu zaidi serikalini ilikuwa karatasi.

Cyprien Rugamba alitaka karatasi ile iondolewe. Alizaliwa mwaka 1935, akasomea upadri, akaiacha imani, akasoma Ulaya, akarudi kuongoza taasisi ya utafiti ya taifa mjini Butare, na huko akaunda kundi la ngoma la Amasimbi n'Amakombe. Alipoirudia imani mwanzoni mwa miaka ya 1980, alileta kanisani vyote alivyovijua: mashairi, hatua za ngoma, namna ya Mnyarwanda kuvuta neno. Mwaka 1990 yeye na mkewe Daphrose waliileta Jumuiya ya Emmanuel nchini. Alisema wazi kwamba kabila lisiandikwe kwenye kitambulisho cha mtu. Asubuhi ya tarehe 7 Aprili 1994, yeye, Daphrose na sita kati ya watoto wao waliuawa nyumbani kwao Kigali, baada ya usiku wa sala. Nyimbo zake bado zinaimbwa katika misa, na tangu mwaka 2015 Kanisa Katoliki linachunguza kama yeye na mkewe waitwe watakatifu. Mimi sina la kuchunguza. Mtu aliyewafundisha wengi kuimba pamoja akauawa siku ya kwanza: walioua walijua waanze na nani.

Mimi ni mtu wa Ngara, Tanzania, upande wa pili wa daraja la Rusumo. Mwisho wa Aprili 1994, ndani ya siku moja hivi, watu wapatao robo milioni walivuka daraja lile wakaingia kwetu, na kilima cha Benaco kikageuka mji. Chini ya daraja Mto Kagera ulikuwa unapitisha miili ya waliouawa. Nilikuwa mtoto, na ninachokumbuka zaidi ni kuimba. Jioni, upepo ukija kutoka upande wa kambi, tulisikia kwaya, si moja, kwaya nyingi kwa pamoja, kila moja chini ya turubai lake. Ziliimba kwa sauti nne zilizokamilika. Sijasikia tena uimbaji uliopangika vile.

Shangazi yangu alikuwa mwalimu wa kwaya kanisani kwetu. Alikuwa na daftari la karatasi za mistari ambalo ndani yake nyimbo zote ziliandikwa kwa penseli, kwa sol-fa: d, r, m, nukta mbili kwa pigo, kistari kwa nota inayoendelea. Sauti nne, mistari minne, moja chini ya nyingine. Alikuwa akikata ncha ya penseli kwa wembe na kuandika polepole usiku kwa taa ya kibatari, akiimba kila sauti peke yake kwa zamu, kwanza soprano, kisha besi, kisha tenori, na mwisho alto, ambayo aliiita sauti ya pili na kuipa muda mrefu kuliko zote. Mimi nilikuwa nikilala nikisikia wimbo ukijengwa kutoka kwenye misingi hadi paa. Hakuwahi kupata mshahara kwa kazi ile. Kila daftari lilipojaa alilifunga kwa karatasi ya kaki, akaandika mwaka juu yake.

Siku moja alikwenda Benaco na wenzake kusali na wakimbizi. Aliporudi alikaa jikoni bila kuvua viatu. Mama alimwuliza waliimbaje. Akasema waliimba vizuri sana. Hakusema kingine, na baadaye, tulipokua tukajua kwamba miongoni mwa walioimba vile walikuwamo walioua, tulielewa kwa nini. Hakuacha kufundisha. Lakini tangu mwaka ule, kabla ya kutoa nota, alikuwa akiwalazimisha waimbaji wake wakae kimya kwa muda, kimya kirefu kuliko walivyopenda vijana, na kila mmoja amtazame aliye kulia na aliye kushoto kwake.

Wale wa Benaco walirudi Rwanda Desemba 1996, wale wa Zaire mwezi mmoja kabla yao, mamia ya maelfu kwa miguu. Kabla yao walikuwa wamerudi wengine, watoto wa waliokimbia tangu 1959, kutoka Uganda, Burundi, Congo na kwetu Tanzania. Nyabugogo ilikuwa bonde la kushukia. Na makanisani likatokea tatizo ambalo wanahistoria hawaliandiki, bali kila mwalimu wa kwaya wa miaka ile analijua: watu walijua tenzi zile zile kwa namna tofauti. Aliyekulia Bukavu alikuja na Nyimbo za Wokovu na kiuno cha gitaa la Kikongo ndani ya kila kiitikio. Wa Uganda aliijua tuni kwa Kiganda, na mapigo yake yalikimbia. Sisi wa Tanzania tuliwapa Tenzi za Rohoni, nzito na za polepole. Na waliobaki nchini walikuwa na vitabu vyao vya Kinyarwanda na sauti za wenzao waliokufa, pengo katika kila safu. Mwalimu ilimbidi aanze upya: tuni ipi, mwendo upi, nani apumue wapi. Kupatana juu ya mahali pa kupumua ni jambo dogo. Kwa watu waliokuwa hawawezi kusalimiana, lilikuwa jambo la kwanza walilopatana.

Huko ndiko kulikotoka Ambassadors of Christ, kwaya ya Waadventista wa Remera, upande wa pili wa Kigali, iliyoundwa mwaka 1995 wakati mji bado una harufu ya vita. Afrika Mashariki yote inawajua kwa "Kwetu Pazuri" na nyimbo nyingine za Kiswahili. Basi gani la usiku, kutoka Nyabugogo hadi Dodoma au Nakuru, halijazipiga? Mei 2011, wakiwa katika safari ya huduma hapa Tanzania, walipata ajali barabarani na waimbaji watatu wakafariki. Kwaya haikufa. Ukiwasikiliza kwa makini, usisikilize maneno. Sikiliza tenori wao wanavyokaa chini ya soprano bila kuwasukuma. Hiyo ni kazi ya mazoezi ya miaka, na watu walioifanya waliianza mwaka mmoja baada ya mauaji. Ipo pia Chorale de Kigali, ya tangu 1966, iliyopoteza wanakwaya wake wengi 1994 na ikarudi kusoma nota za karatasi kama ilivyofanya siku zote. Hata wimbo wa taifa unaotumika tangu Januari 2002 una asili hii ya sauti zilizotoka mbali: maneno yake yalitoka gereza la Karubanda, kwa mfungwa Faustin Murigo, na tuni yake kwa Kapteni Jean-Bosco Hashakaimana wa jeshi. Gereza na jeshi katika wimbo mmoja.

Na alikuwapo Kizito Mihigo. Alizaliwa Kibeho mwaka 1981, akanusurika mauaji ya kimbari yaliyomwua baba yake, akawa mpiga kinanda wa kanisa na mtunzi wa mamia ya nyimbo za liturujia kabla hajafika umri wa kuota mvi hata moja. Mwaka 2010 alianzisha taasisi ya amani, akaenda shuleni na magerezani, akaimba na wafungwa wa mauaji yale yale yaliyomfanya yatima. Machi 2014 alitoa wimbo uliowaombea waliouawa katika mauaji ya kimbari na pia wahanga wa ukatili mwingine. Mwezi uliofuata alikamatwa. Mwaka 2015 alihukumiwa miaka kumi kwa kula njama dhidi ya serikali, akasamehewa Septemba 2018, akakamatwa tena karibu na mpaka wa Burundi, na tarehe 17 Februari 2020 akafariki mikononi mwa polisi Kigali. Polisi walisema alijiua. Mashirika ya haki za binadamu yalidai uchunguzi huru. Alikuwa na miaka 38. Kwa upande wangu, naomboleza fundi. Aliweza kuweka besi chini ya kilio cha watu wawili waliochukiana na kila mmoja akasikika. Hajapatikana mwingine.

Lakini si serikali wala wauaji wanaoiua sauti ya pili leo. Ni sisi wenyewe, tunaompenda Mungu na kupenda kamera.

Nenda ibada kubwa yoyote ya mjini, iwe Kigali, Dar es Salaam au Nairobi. Jukwaani kuna waimbaji saba wenye maiki, nyuma yao watu arobaini waliovaa sare. Saba wanaimba sauti ya kwanza. Arobaini wanaimba sauti ya kwanza. Sauti nyingine zimerekodiwa studio na kijana mmoja aliyejirudia mara nne, na zinatoka kwenye kompyuta. Programu imenyoosha kila nota iliyopinda. Waimbaji wanafuatisha midomo. Wanaiita plebeki, na wanaiita bila haya. Video inapendeza, watu wanaiangalia kwa malaki. Hakuna aliyemsikiliza mwenzake hata kwa pigo moja, kwa sababu hapakuwa na haja. Mtu anaweza kuimba upatanisho miaka mitatu katika kundi kama hilo na asijue sauti ya aliyesimama bega kwa bega naye.

Na spika. Mapema mwaka 2018 serikali ya Rwanda ilifunga majengo ya ibada zaidi ya 700 Kigali peke yake, na mwaka 2024 yakafungwa maelfu nchi nzima. Sababu zilizotajwa zilikuwa usalama wa majengo, usafi na kelele. Wengi walihuzunika, nami nilihuzunika, maana vyumba vingi vya mazoezi vilikwenda na kufuli zile. Lakini tuwe wakweli: hakuna jirani aliyewahi kwenda polisi kushtaki alto. Ndugu ishirini wakiimba kwa pumzi zao wenyewe, sauti yao inaishia kwenye mgomba wa pili. Kilichowachosha majirani ni maspika yenye ukubwa wa kabati yaliyoelekezwa dirishani, sadaka ya mwaka mzima imekwenda hapo. Tulinunua chombo kisichosikia, tukakiweka mbele ya watu waliokuwa wanajifunza kusikilizana, na tukakiita maendeleo ya huduma.

Mwalimu wa Kimisagara aliniambia baada ya mazoezi kwamba vijana wanakuja, lakini hawakai. Wanataka kujua watarekodi lini. Akiwaambia wajifunze kusoma sol-fa, wanamwonyesha kwenye simu wimbo ulio tayari, wakisema, "Mwalimu, si tuufuatishe tu?" Anashona nguo mchana kwenye kibaraza cha duka, karibu na jengo la Inkundamahoro, anafundisha jioni. Kanisa humpa soda sikukuu ya Krismasi. Ana madaftari yake, kama aliyokuwa nayo shangazi, mengine mvua imeyaingia na penseli imefifia hata haisomeki. Nilimwuliza ni wangapi katika kwaya wanaoweza kuyasoma. Akahesabu kimoyomoyo, akasema wanne, na yeye ni mmoja wao.

Katika juma la kumbukumbu, kila mwaka kuanzia tarehe 7 Aprili, Rwanda huzima muziki wa starehe. Stendi ya Nyabugogo inabaki na injini na miito ya wapiga debe tu. Ng'ambo ya bonde, kwenye kilima cha Gisozi, wamezikwa zaidi ya watu 250,000. Ni juma ambalo kwaya zinaitwa kuimba mbele ya watu wanaolia, mara nyingi nje, mara nyingi bila umeme wa kutegemewa, na hapo ndipo plebeki inapoumbuka. Hapo anatakiwa mtu anayeweza kusimama kando ya kilio cha mwenzake akashika nota yake. Mtu huyo hatoki studio. Anatoka kwenye benchi la Jumatano, na anachukua miaka kutengenezwa.

Kwa hiyo nawaomba wazee wa makanisa, wa Kigali na wa kwetu. Kamati ya muziki ikileta tena bajeti ya spika, iahirisheni kwa mwaka mmoja. Fedha hiyo mlipeni mwalimu wa kwaya mshahara, walau nauli na posho ya jioni tatu kwa wiki. Mnunulieni madaftari, na mtafute kijana mwenye mwandiko mzuri anakili yale yaliyolowa kabla hayajaoza, akiwa ameketi na mwalimu mwenyewe amwimbie kila sauti. Halafu mumwache afundishe kwa mwendo wake, mstari mmoja jioni nzima ikibidi. Mzee wa Kimisagara amepita miaka sabini, na hajapata wa kumwachia kazi.